Mtundwa Uliosimama Kati Yangu na Mkwe Wangu

Ukija Misunkumilo, hapa Mpanda, ukauliza nyumba iliyobonyea, utaonyeshwa. Hata vijana wa bodaboda wanaijua. Ukifika utaona vyumba vya kupangisha, ukuta umenyooka vizuri kabisa, halafu katikati unaingia ndani, kama mtu aliyerudisha tumbo nyuma ili apishe mwenzake mlangoni, halafu unarudi kwenye mstari wake na kuendelea. Na pale ulipoingia ndani pamesimama mtundwa. Watu wanacheka. Acha wacheke. Mimi kila nikipita pale kifua kinajaa, maana ukuta ule ulipindishwa kwa ajili yangu, na sijasikia mwanamke mwingine mtaani kwetu aliyepindishiwa ukuta.

Ngoja niueleze mtundwa kwanza, maana watoto wa mjini wanauita miiba tu, basi, imetosha. Mtundwa ukiutazama haraka hauna la kukusimamisha. Hauna shina moja la maana, unatoka ardhini na mashina mengi mengi kama watu wanaogombania mlango wa kliniki. Una miiba kweli. Urefu wake unampita mtu kidogo, na ukipata mahali panapoupendeza unampita mtu aliyebeba ndoo kichwani. Unaota porini, kwenye msitu wa miombo, pale miti iliposimama mbali mbali na jua linafika chini. Mvua zikikolea matunda yake yanakuwa mekundu, sisi tunayaita ntundwa. Ukila la kwanza uso wote unajikunja na jicho moja linafumba lenyewe. Ukila la pili jicho linafunguka. La tatu, hutaki tena kuondoka. Ndani lina kokwa, na kiini cha kokwa kina mafuta. Unakausha, unaponda, unachemsha, unaengua mafuta juu. Marehemu mume wangu alikuwa anapaka kwenye mikanda ya ngozi. Mimi napaka visiginoni. Umri huu nilio nao, njoo uangalie visigino vyangu, halafu ukaangalie vya wasichana wanaonunua vikopo dukani.

Sijawahi kuona mtu aliyepanda mtundwa. Wenyewe tu unaota, na hauoti peke yake, utaukuta umejibanza kwenye mti mwingine. Mume wangu alisema mizizi yake inamnyonya jirani chini kwa chini. Alikuwa ananitania, anasema ndiyo maana mimi na mtundwa tunapatana. Yeye alikuwa mtu wa mizinga, kazi yake nyuki. Siku moja nyuki walimkasirikia, akakimbia bila kuangalia, akaingia katikati ya mtundwa. Nyuki walimwacha. Miiba haikumwacha. Nilimtoa miiba mgongoni na sindano mpaka jua likainama, naye analia na kucheka, anasema afadhali angeoa nyuki mwenyewe. Mungu amlaze pema.

Nilikuwa nasema nini? Mkwe. Naja huko.

Mimi nilizaliwa upande wa Mpimbwe, kwenye mpunga. Shule nilisoma mpaka la pili, halafu ndege wa mpunga wakanihitaji kuliko mwalimu. Kusoma nilijimalizia kanisani, kwa kufuata kidole cha mwenzangu kwenye kitabu cha nyimbo. Kwa hiyo nikiandika naandika kama ninavyoongea, na nikiongea huwa naingia vichochoro, lakini barabarani narudi. Niliolewa Litapunga, nikazaa, nikalima, nikazeekea huko. Wanangu wa kiume wawili, mmoja alitangulia, mwingine yuko migodini na akipiga simu anauliza kama mvua imenyesha, basi anakata. Binti ni mmoja. Huyo ndiye aliyeolewa na huyu mkwe wangu ninayemsema, ambaye anafanya kazi kwenye mashine ya kukoboa mpunga hapa Mpanda.

Sasa kwetu sisi, mama mkwe na mkwe wake wa kiume hawatazamani usoni. Hawali pamoja, hawashikani mkono, hawalali chini ya paa moja. Mkikutana njiani, mmoja anaingia majanini mpaka mwenzake apite. Bibi yangu mzaa mama alikufa hajui kama baba yangu ana mwanya, na mwanya wenyewe ulikuwa unapitisha kidole. Vijana wakiona hivi wanadhani ni chuki. Si chuki jamani, nyie mnakosea. Ni mtu umemkabidhi mwanao wa tumboni. Neno lako moja baya linaweza kumvunjia nyumba mwanao, na neno lake moja baya linaweza kukuvunja wewe. Basi mnawekeana nafasi katikati, heshima ipate pa kukaa. Mwenye duka jirani yetu hapa mtaani, mama mmoja wa Kiislamu, rafiki yangu sana, aliniambia, "Sisi kwetu mkwe ni mwanao, tunakula sinia moja." Nikamwambia kuleni tu shoga yangu, kila mtu na kwao.

Basi mume wangu alipoondoka nikabaki Litapunga peke yangu na goti langu. Goti lilikuwa limeanza kukataa maji ya kisimani, yaani safari ya kwenda linakubali, ya kurudi na ndoo linakataa. Binti akaja kunichukua.

"Mama, twende ukakae kwetu."

"Nikakae kwa mkwe? Na nguo zangu nitaanika wapi?"

"Kwenye kamba, kama watu wote."

"Azione?"

Akaondoka amenuna. Nami nikabaki, ingawa paa lilikuwa linavuja, na jioni nilikuwa naongea na kuku.

Halafu siku moja nasikia pikipiki. Nikasikia mtu amesimama nyuma ya kihenge, akakohoa. Kikohozi kile nilikijua, ni cha mkwe wangu, maana sisi kukohoa ndiko kupiga hodi. Nikavuta kanga usoni nikakaa chini upande wangu.

"Shikamoo mama."

"Marahaba baba. Za huko?"

"Huko kuzuri. Mama, nimekuja na neno moja tu. Uwanjani kwangu pana mtundwa."

Nikageuza sikio upande wake.

"Niliukuta wakati nanunua kiwanja," akasema. "Wenzangu walifyeka kila kitu, mimi nikauacha. Umefungamana, mama, hata kuku akiingia anatokea alikoingilia. Nimekujengea chumba upande wa pili wake."

Mtu mwingine angesema nimekujengea chumba, halafu ndiyo ataje mengine. Huyu alianza na mtundwa. Alikuwa ameelewa kitu ambacho mwanangu wa kumzaa hakukielewa, kwamba mimi sikukosa chumba, nilikosa mahali pa kuweka uso. Lakini sikutaka ajue haraka hivyo kwamba amenipata.

"Unazaa?" nikamuuliza.

"Unazaa mama, mpaka zinaoza chini."

"Basi nitafikiria."

Na hapo ninaposema nitafikiria, kichwani nilikuwa nimeshachagua sufuria ya kubeba na ya kuacha.

Nikahamia mjini. Nyumba yao upande mmoja, chumba changu upande mwingine, mtundwa katikati. Jioni mkwe wangu anarudi kutoka mashineni, nywele zimejaa pumba, anaoga, anakula, anachukua kigoda anakaa upande wake. Mimi nimetandika mkeka upande wangu. Anakohoa. Naitikia. Hapo ndipo tunaongea, na nyie msidhani ni mazungumzo ya kanisani.

"Mama, binti yako leo amenipikia ugali, nimeukata kwa panga."

"Wewe ulioa mikono au ulioa binti?"

"Niliambiwa amefundwa."

"Alifundwa. Ila siku ya ugali alikuwa anaumwa."

Na binti kule jikoni anapiga kelele, "Nawasikia nyie! Nyie wawili nawasikia!"

Shida ilikuwa kiangazi. Kiangazi kikikaza mtundwa unapukutisha majani, unabaki vijiti na miiba, na sisi tunabaki kama watu waliofumaniwa wakioga. Hapo mimi nampa mgongo, naye ananipa mgongo, tunaongea kama watu waliogombania siti kwenye basi. Shida nyingine ilikuwa choo, maana choo ni kimoja, na kiko upande wangu. Nikiwa ndani natundika kanga nyekundu kwenye mlango, na akiiona anakumbuka kwamba ana shughuli barabarani. Siku moja niliisahau kanga pale, nikaenda zangu kulala mchana. Maskini mwanaume wa watu alizunguka barabarani mpaka majirani wakamuuliza kama amefukuzwa.

Na jumuiya ya kanisani ikija kusali kwetu, tunakaa duara uwanjani, mtundwa ukiwa kama mmoja wa waumini. Ikifika kupeana amani, watu wote wanashikana mikono. Mara ya kwanza nilijiuliza nitafanyaje, maana kumpa mkono siwezi, na kumnyima amani ni dhambi. Nikaona tawi la upande wangu linatikisika. Kumbe ameshika tawi upande wake, analitikisa polepole. Nami nikashika la kwangu nikatikisa. Mwiba ukanichoma kidogo, lakini amani ilifika. Tangu hapo ndiyo ikawa hivyo, na wanajumuiya walishazoea, wanatusubiri mtundwa utulie ndipo waendelee na sala.

Kwa hiyo muelewe, ule mtundwa ukiondoka, na mimi naondoka. Sikuhitaji kumwambia mtu. Uwanja ukiwa mweupe, mimi na mkwe wangu tutakuwa tunaonana mlango kwa mlango, asubuhi, mchana, jioni, na mimi siwezi kuishi uso wazi hivyo, kama hindi lililomenywa.

Sasa mwaka huo mkwe wangu akaamua kujenga vyumba vya kupangisha, vianzie upande wa nyumba yao vije upande wangu kwa nyuma ya kiwanja. Akaleta fundi kutoka Mwamkulu, mtu wa maneno mengi, mdomo wake unamaliza kujenga kabla ya mikono. Nilikuwa ndani kwangu nachambua mchele. Nikawasikia wanapima. Kamba ikavutwa kutoka kwao, ikaingia katikati ya mtundwa, ikatokea upande wangu, ikafungwa kwenye kigingi karibu na mlango wangu.

Fundi akasema, "Bosi, hiki kichaka kinaondoka, si ndiyo? Kimekaa juu ya msingi kabisa."

Nikaacha mchele. Nikasubiri jibu la mkwe wangu. Halikuja. Nilisikia tu kandambili zake zinaondoka.

Jioni ile hakukohoa. Nilikaa kwenye mkeka mpaka mbu wakanifukuza. Kesho yake hakukohoa. Iliyofuata, kimya. Namsikia anarudi, anaoga, anakula, anaingia ndani kama mtu mwenye deni. Mvua ilikuwa ya manyunyu siku hizo, goti linauma, nikawa sitoki. Upande wa pili wa mtundwa nasikia majembe yanachimba, pu, pu, pu, yanasogea kidogo kidogo kuja kwangu. Kuona sioni kitu. Mtundwa ulikuwa na majani ya masika, umeziba kila kitu, na mimi ndiye nilikuwa nausifu kwa kuziba.

Nikamwita binti.

"Mwambie mumeo nauliza habari za mtundwa."

"Mama, mimi nimechoka kuwa simu yenu. Ana mdomo, na wewe una mdomo."

"Neno kama hilo mama mkwe haulizi."

"Basi msiulizane. Fundi amesema utakatwa, utakatwa. Mama, dunia imebadilika. Huyu ni kama mwanao. Njoo ukae naye sebuleni muangalie taarifa ya habari."

"Niangalie taarifa ya habari na mkwe wangu?"

"Kuna ubaya gani?"

"Na yale matangazo ya uzazi wa mpango yakija katikati, uso nauweka wapi?"

Akacheka, halafu akaona sicheki, akakasirika. "Mama, hicho ni kichaka. Watu wanahitaji nyumba."

"Najua ni kichaka."

"Na mwenyewe hajasema kitu, hata mimi hajaniambia kitu. Kwa hiyo amekubali."

Hapo ndipo aliponimaliza. Maana kwetu mtu wa heshima akitaka uondoke hakuambii ondoka. Ananyamaza. Ananyamaza vizuri, bila kukukosea, mpaka wewe mwenyewe uelewe na ufunge mizigo kama vile ni wazo lako. Hata mimi ningekuwa yeye ningefanya hivyo hivyo. Kwa hiyo sikumlaumu. Kusema kweli nilimsifu moyoni, nikasema huyu kijana ananifukuza kwa adabu kuliko wengine wanavyokaribisha. Lakini kusifu hakukunizuia kulia. Nililia nikiwa natwanga, ili mchi ufunike sauti.

Nikafunga mizigo. Mkeka, sufuria yangu, rozari, chupa ya mafuta ya ntundwa, kanga zangu. Ntundwa zilizokuwa zimeiva upande wangu nikazichuma zote, nikatia mfukoni, maana nilisema hizi ni zangu, nilizilinda mwenyewe dhidi ya watoto wa mtaa. Paa la Litapunga nilijua limeanguka upande mmoja. Nikasema nitalala upande mwingine.

Asubuhi binti akaenda sokoni. Nikamwita mama mwenye duka kupitia ua wa upande wangu, nikamwomba aniitie bajaji mpaka stendi.

"Unahama shoga?"

"Naenda kusalimia."

"Na sufuria?"

"Nayo inasalimia."

Akanitazama sana, akapiga simu.

Bajaji ikaja, ikapiga honi. Kutoka kwangu kwenda barabarani lazima uzunguke mtundwa upite upande wao. Na majembe nayasikia. Nikajua mkwe yupo, siku hiyo hakwenda mashineni. Nitafanyaje? Nikatwika mkeka na sufuria kichwani, mkono mmoja nimeshikilia mzigo, mkono mwingine nikavuta kanga nikafunika uso wote, nione miguu yangu tu. Nikasema nitapita kwa heshima, sitazami kushoto wala kulia.

Basi sikutazama kushoto wala kulia. Wala mbele. Nikaingia mzima mzima kwenye msingi.

Sufuria ikapiga kelele, mkeka ukanifuata kichwani. Shimo lilikuwa la kiunoni, udongo mbichi, goti likasema leo ndiyo leo. Nikamsikia fundi kwa mbali huko kwenye toroli lake la mawe.

"Bibi ameanguka! Bosi, bibi ameanguka! Mshike!"

Najua kilichokuwa kinampata mkwe wangu wakati ule. Kunishika hawezi. Kuniacha hawezi. Na fundi yuko mbali na toroli limemshinda, linashuka lenyewe. Nikafunua kanga kidogo nione pa kukanyaga. Ndipo nikaona mpini wa jembe unashuka kutoka juu, polepole, unapapasa hewani kama fimbo ya kipofu. Nikautazama unakotoka. Mkwe wangu alikuwa amenipa mgongo, ameinua uso juu anaangalia mbingu kama mtu anayesubiri ndege, ameshika jembe upande wa chuma, mpini kaupitisha nyuma yake.

"Kushoto kidogo," nikamwambia.

"Hapa mama?"

"Kushoto kwangu, siyo kwako. Hapo. Nimeshika."

"Nivute?"

"Vuta. Lakini goti."

Alinivuta kama anavuta ndoo ya mwisho kisimani, ile unayojua ikikatika kamba hamli. Nikatoka. Nikakaa juu ya lundo la udongo, yeye bado uso juu mbinguni, jembe mkononi. Nikafuta udongo machoni. Na nilipotulia ndipo nikaona nilipoangukia.

Msingi ulikuja umenyooka kutoka nyumbani kwao, umekatwa vizuri, pembe zake kama mkate. Ulipokaribia mtundwa ukakata kona. Ukaingia nyuma, ukauzunguka mtundwa kwa umbali wa kutosha mizizi ipumue, ukakata kona tena, ndiyo kwanza unarudi kwenye mstari. Kamba ya fundi ilikuwa bado imepita katikati ya matawi, imenyooka, haina kazi. Hakuna tawi lililokatwa. Hata moja.

Fundi akafika anahema. "Pole bibi. Pole sana. Lakini na wewe umwambie huyu mkwe wako, mimi ananiharibia jina. Nimejenga mji huu miaka yote, sijawahi kujenga chumba kinachoogopa kichaka. Nimemwambia kitanda hakitaingia, anasema mpangaji atalala amejikunja, kuna baridi. Nimemwambia kamba imenyooka, ananijibu ati kamba haina mama mkwe."

Mkwe wangu akamwambia, bila kugeuka, "Fundi, nenda kaangalie toroli lako."

Nikainuka. Dereva wa bajaji alikuwa ameshashuka anaangalia tamthilia, nikamwambia arudi, leo hakuna safari, akaguna, akachukua ntundwa kiganja kimoja akaondoka anakunja uso. Nikachechemea mpaka upande wangu. Nikakaa chini bila mkeka, maana mkeka ulikuwa kwenye msingi. Nikasikia kigoda kinawekwa upande wa pili. Nikasubiri akohoe. Hakukohoa. Nikaelewa kwamba mara hii ni zamu yangu.

Nikakohoa.

"Naam mama."

"Mbona ulinyamaza?"

"Mama, ningeanzia wapi? Nikikuambia mtundwa haukatwi, ni kama nakuambia tulikaa watu tukazungumza kuukata. Niliona aibu. Hata mke wangu sikumwambia. Nikasema nichimbe tu, mama ataona mwenyewe."

"Nitaonaje, na mtundwa uko mbele yangu?"

Nikamsikia anacheka. Si kile kicheko cha kuziba mdomo cha kumcheka mama mkwe kwa heshima. Alicheka cha tumboni, mpaka kigoda kikalia.

"Hilo sikulifikiria, mama."

"Na mimi nilikuwa naondoka kwa adabu, nisikusumbue."

"Nimeona sufuria."

Na mimi nikacheka. Mbavu zinauma, goti linauma, nacheka. Halafu nikanyamaza kwa sababu maneno yalikuwa mengi na hakuna hata moja ambalo mama mkwe anaruhusiwa kusema. Kumwambia asante ni kidogo. Kumwambia wewe ni mwanangu, hapana, wanangu hawakunifanyia hivi. Nikashika tawi la upande wangu, nikatikisa. Nililitikisa sana, si kama kule kwenye jumuiya, ntundwa za juu zikadondoka upande wake, nasikia zinampiga. Likatulia. Halafu tawi likatikisika kutoka kwake.

Binti akarudi kutoka sokoni. Tukamsikia amesimama uwanjani, hasogei.

"Nani ameweka sufuria kwenye msingi?"

Akachungulia chini tena.

"Na mkeka? Mama? Mume wangu? Si naongea na watu?"

Tukanyamaza wote wawili, kila mmoja upande wake, kwa heshima zote. Akaitoa sufuria mwenyewe, akaiangalia. Ilikuwa imebonyea ubavuni ilipogonga jiwe. Akasema ataipeleka kwa fundi wa mabati akainyooshe. Nikamwambia kupitia kwenye majani aiache hivyo hivyo, inapika.